Mbona Hajajibu?



Likizo iliyopita nilisaidia semina ya VIWAWA huku kwetu Makere. Tulipomaliza, wenzake walikwenda kuchukua ugali na maharage, dada mmoja akabaki kwenye benchi. Akanipa simu yake nisome. (Ameniruhusu kuyasimulia haya, mradi nisimtaje jina.) Meseji 31 kwa mchumba wake anayefanya kazi Kasulu mjini, zote za usiku mmoja, kati ya saa mbili na saa tano. Ya kwanza ilikuwa “Umefika salama?” Katikati huko, “Najua umezima makusudi.” Ya mwisho, “Basi tuachane.” Asubuhi kijana akajibu kwamba umeme ulikatika na simu ikaisha chaji.

“Frateri, hakunikosea kitu,” akaniambia. “Ila mwili wote ulikuwa unatetemeka. Au nina pepo?”

Dada, huna pepo. Lakini ile hofu ni ya kweli, na mimi naijua. Kabla sijaingia seminari nilikuwa na mtu, na nilikuwa mtu wa kuchungulia simu kila baada ya dakika tano: yuko hewani, mbona hajajibu? Nimesoma falsafa miaka mitatu na hakuna mhadhara hata mmoja ulionieleza kwa nini. Maelezo niliyakuta kwenye habari za watoto wachanga wa Uganda.

Mwaka 1954 mwanasaikolojia Mary Ainsworth alifika Kampala kwa sababu mume wake alipata kazi kwenye taasisi ya utafiti pale Makerere (Makerere, sio Makere yetu!). Akaanza kutembelea familia 26 za vijiji vya jirani, mara kwa mara kwa miezi kadhaa, akikaa sebuleni na akina mama na kuangalia. Kitabu chake kilitoka mwaka 1967. Aliona kwamba watoto wengine hutambaa mbali na mama, wakageuka kumwangalia, wakaendelea kucheza. Wanajua yupo. Wengine walilia sana hata wakiwa wamebebwa na mama yao.

Isome tena hiyo. Amebebwa, na bado analia. Anayemhitaji yupo pale pale, lakini mtoto hana uhakika kama atabaki. Ndiyo maana kijana wako akijibu unatulia dakika kumi tu, kisha moyo unaanza upya. Shida haikuwa uchache wa meseji zake, kwa hiyo wingi wa meseji hautaiponya.

Sisemi haya ili tuwalaumu mama zetu. Uha ina historia yake. Wakati wa ukoloni wanaume wa huku walikwenda kuwa manamba kwenye mashamba ya mkonge Tanga, na wapo ambao hawakurudi. Siku hizi baba anakwenda kulima tumbaku Tabora, mama anafuata biashara, mtoto anabaki kwa bibi. Bibi anapenda kweli kweli. Lakini mtoto akilia anaambiwa, “Nyamaza, baba anakuja kesho.” Kesho inafika, baba haji. Tumekua hivyo wengi wetu, tukiangalia barabara. Kisha tunafika miaka ishirini na tatu, tunampa mchumba kazi ya kutulipa kesho zote zile ambazo hazikufika. Atazilipaje, maskini?

Sasa fungua Yohane sura ya 20. Maria Magdalena analia kaburini. Yesu anamwita kwa jina, naye anamtambua. Halafu Yesu anamwambia asimshike, kwa kuwa bado hajapaa kwenda kwa Baba. Aende kwa ndugu zake awape habari. Zamani niliona ni ukali. Mtu amelia hivyo, unamwambia asikushike? Siku hizi naangalia mpangilio: jina lilitangulia. Kwanza alijua kwamba anajulikana, ndipo akaombwa afungue mikono. Tena Yesu hakumdanganya ili anyamaze. Alimwambia wazi anakwenda wapi. Hakusema “nakuja kesho.”

Hapo ndipo ninapokaa ninaposali nikiwa na hofu hiyo. Simwombi Mungu amlazimishe mtu anijibu, maana sala ya namna hiyo ni meseji ya 32. Nakaa mbele ya Ekaristi hadi nikumbuke kwamba nimeshaitwa kwa jina langu. Kuna siku inachukua muda mrefu, na kuna siku natoka bado natetemeka.

Lakini tusidanganyane. Si kila hofu ni kidonda cha utotoni. Mtu anayepotea wiki nzima bila sababu, anayekuficha kwa ndugu zake, ambaye leo anasema hivi na kesho vile, huyo anakupa sababu ya kuogopa. Usijiite mgonjwa kwa sababu yake. Na ikiwa hulali, huli, au unafikiria kujidhuru, usiishie kuombewa tu. Nenda hospitali ukaongee na mtu aliyesomea mambo haya. Mungu hachukii daktari.

Yule dada nilimshauri jambo dogo: amwambie mchumba wake ukweli mara moja, mchana, bila kumtega wala kumtishia kuachana. “Usiku nikikosa habari zako naogopa, na najua si kosa lako. Tupange tuongee saa ngapi.” Wakapanga saa tatu.

Wiki mbili baadaye nilimkuta baada ya Misa. Kuna siku saa tatu ilipita kimya, akatuma meseji nne.

“Na hofu?” nikamuuliza.

“Ipo, Frateri. Niliiacha simu chumbani nikaenda kupukuchua mahindi na bibi. Nilipukuchua nikiwa natetemeka hivyo hivyo, bibi akadhani nasikia baridi, akanifunika kitenge.”

Tuombeane.