Mpapase Mgongo Kabla Hujamfunga

Wanangu mnaoendesha mikokoteni ya punda hapa Iftin, nisikilizeni. Mifereji ikikauka, mji mzima huwategemea nyinyi na punda wenu kufikisha maji milangoni. Mnyama wa kazi kubwa hivyo hafungwi kwa pupa.

Asubuhi, kabla ya tandiko, mpapase mgongo, mabega, kifua na chini ya mkia. Kiganja kikikuta uvimbe au joto, siku hiyo apumzike. Punda huficha maumivu; ukingoja achechemee, umeshachelewa. Kisha likung'ute tandiko, maana mchanga ulioshikana na jasho la jana humchubua ngozi kutwa nzima.

Tandiko liwe na mito miwili, mmoja kila upande wa uti wa mgongo, katikati pabaki wazi. Gunia lililotupwa juu ya mfupa halimkingi. Mkanda wa tumbo uache nafasi ya vidole viwili. Mkanda wa kuvutia upite kifuani, usipande kooni: ukimkaba pumzi atasimama, nawe utamwita mkaidi na kumchapa bure. Kamba ya nailoni isimguse ngozi. Ivisheni kitambaa kinene.

Mtungi wa lita 20 ni kilo 20 za maji. Mitungi 10 ni kilo 200, na hapo hujahesabu mkokoteni, wala wewe uliyekaa juu. Ipangeni sawasawa juu ya ekseli. Mzigo ukizidi mbele, mgongo unaubeba. Ukizidi nyuma, miti ya mkokoteni inainuka na mkanda unamkata tumbo. Jua likiwa la utosi, mfungueni, mpeni maji na kivuli.

Msiseme akifa mtanunua mwingine. Machinjio ya punda yalipofunguliwa nchini, si mliona walivyoibwa na bei ikapanda? Na sheria ya kuzuia ukatili kwa wanyama, Sura ya 360, humtia hatiani anayembebesha mnyama kupita kiasi au kumtumikisha akiwa na kidonda.

Tena kidonda hakifichiki. Hata kikipona, mara nyingi nywele huota nyeupe mahali pale, na mnunuzi sokoni huziona kabla hujataja bei. Nami huziona. Kijana akija kuniomba ngamia wa kuchunga, kwanza natazama mgongo wa punda wake.