Uaminifu wa Kuacha

Mtu hupimwa kwa ayasemayo. Lakini ni haki apimwe pia kwa ayaachayo. Msomaji kijana, wachimbaji walioosha mchanga wa mito ya Kakamega katika miaka ya 1930 wakitafuta dhahabu walijua ya kuwa sehemu kubwa ya kazi yao ilikuwa kumwaga, si kuokota. Kazi ya mhariri wa filamu ni ya jinsi hiyo. Wapiga picha humletea marundo ya vipande. Yeye hukata, huunga, na vingi huvitupa.

Anne V. Coates wa Uingereza, aliyezaliwa mwaka 1925, alidumu katika kazi hiyo kwa zaidi ya miaka 60. Filamu ya kwanza aliyoihariri ilitoka mwaka 1952. Ya mwisho ilitoka mwaka 2015, naye ana umri wa miaka 89. Katika Lawrence of Arabia, ya mwaka 1962, afisa kijana azima kijiti cha kibiriti kwa pumzi, na mara twaona jangwa na jua likichomoza. Ilikusudiwa picha ya kwanza ififie polepole ndani ya ile ya pili. Coates na mwongozaji, David Lean, walipoziona zimeungwa hivi hivi tu, walitambua ya kuwa hapakuhitajika pambo. Filamu hiyo ilimpatia Coates tuzo ya Oscar.

Lakini mkasi uo huo waweza kudhulumu. Kata swali, ubakize jibu. Aliyesema "ndiyo" kwa jambo jema ataonekana amekubali ovu. Hapana neno lililoongezwa, na hata hivyo uongo umezaliwa. Wala mtazamaji hataujua, maana kilichotupwa hakionekani.

Je, kuacha ni hila? La. Asiyeacha kitu hawezi kusimulia hata safari ya sokoni. Lakini mchanga haumdai haki mwosha dhahabu, mwanadamu hudai. Mkato wa haki ni ule ambao mwenye maneno, akiuona, atasema, "Ndivyo nilivyokusudia."

Nawe u mhariri, ingawa huna mkasi. Ugomvi ukitokea uwanjani, nawe ukaulizwa, utachagua la kutaja na la kunyamazia. Usijisifu ya kuwa hukusema uongo. Jiulize kama uliyoyaacha yangaligeuza hukumu; na ikiwa yangaligeuza, hukuwa na ruhusa ya kuyaacha.