Ua la dhahabu la Fabre

Watoto wa Ufaransa bado wanaimba wimbo wa binti mchunga kondoo anayehimizwa kuwakimbiza wanyama wake nyumbani kabla mvua haijashuka. Mtunzi wa maneno yake alikatwa kichwa jijini Paris, na kila anapotajwa hakosekani mtu wa kumwombea: msameheni, si ndiye aliyetuachia wimbo mtamu ule?

Utetezi huo unakera.

Alizaliwa Carcassonne mwaka 1750, jina lake Fabre tu. Katika mashindano ya ushairi ya Toulouse, ambako washindi walituzwa maua ya madini, alipata yungiyungi la fedha kwa soneti ya kumsifu Bikira Maria. Lilikuwa jambo la kujivunia. Yeye akaona halitoshi: akatangaza kwamba alipewa waridi-mwitu la dhahabu, kisha akalibandika kwenye jina lake, akawa Fabre d'Églantine. Hakuna aliyemlazimisha. Tuzo aliyoitolea jasho aliificha, akajigamba kwa asiyoipata.

Akazunguka miji na vikundi vya maigizo, akaponea chupuchupu kunyongwa huko Namur kwa kesi ya kumrubuni msichana. Mwaka 1790 tamthilia yake, Le Philinte de Molière, ikampa sifa Paris. Humo yumo bwana mmoja anayekataa kumsaidia mtu asiyemjua anayetapeliwa kwa hati ya hila, halafu anagundua kuwa anayetapeliwa ni yeye mwenyewe.

Mapinduzi ya Ufaransa yakampandisha: katibu wa Danton, mmoja wa viongozi wa mapinduzi hayo, mbunge, na mwaka 1793 mtu wa kuipa majina miezi ya kalenda mpya. Kisha ikaja kashfa ya Kampuni ya Indies, kampuni ya biashara ya ng'ambo. Akashtakiwa kushiriki kughushi amri ya kuifunga kampuni hiyo. Mahakamani aliomba karatasi halisi iletwe, akakataliwa. Akauawa pamoja na Danton tarehe 5 Aprili 1794, ambayo kwa kalenda yake ni 16 Germinal, siku iliyopewa jina la saladi.

Watetezi watasema kesi ile ilikuwa ya kisiasa. Kweli, na mahakama ilimdhulumu. Hilo halina ubishi. Lakini dhuluma ya hakimu haigeuzi ua la fedha kuwa dhahabu, wala kondoo wa kwenye wimbo hawawezi kusimama kizimbani kumtolea ushahidi wa tabia njema. Wimbo uendelee kuimbwa. Anayetaka kumjua Fabre aanze na ile tamthilia ya 1790, maana humo alijieleza miaka minne kabla hajaombwa maelezo.