Mawe Mazuri na Senti za Mjane



Liko swali ambalo Mkristo hulikuta kila aingiapo katika nyumba kubwa ya ibada iliyojengwa kwa mali nyingi: Je, ni halali moyo kuufurahia uzuri ambao bei yake ililipwa na maskini? Swali hili si la wenye elimu kubwa peke yao. Ni la kila mtu ajengaye kanisa, na la kila mtu atoaye sadaka, na la kila mwalimu asimamaye mbele ya usharika akiomba mchango. Lakini ili tulione vizuri, na twende kwa mawazo mpaka mahali ambapo swali lenyewe limesimama wazi, yaani Roma, katika majumba ya makumbusho ya Vatikani na katika kanisa la Mtakatifu Petro lililo karibu nayo. Mahali hapo panatuhusu sisi Walutheri kwa namna ya pekee, kama tutakavyoona.

Watu waendao kuyatazama majumba hayo ni wengi mno. Katika mwaka 2023 walizidi milioni 6. Wengi hawaingii peke yao, bali hufuatana kikundi kikundi nyuma ya kiongozi, ambaye kazi yake ni kuwaonyesha njia na kuwaeleza mambo wayaonayo. Huinua kijibendera juu ya vichwa vya watu, ili walio wake wasipotee katika msongamano.

Kwanza huwaonyesha sanamu za kale. Iliyo mashuhuri ni ile ya kuhani Laokoon na wanawe wawili wakikazwa na nyoka, kazi ya marimari iliyofukuliwa katika shamba la mizabibu huko Roma mwezi wa Januari mwaka 1506. Papa Julius II aliinunua akaiweka katika ua wake, na watu huhesabu mwanzo wa makumbusho tangu siku zile. Kisha huwapitisha katika ushoroba wenye urefu wa mita 120, ambao kuta zake zimechorwa ramani 40 za nchi ya Italia. Halafu huja vyumba vilivyopambwa na mchoraji Raffaello, na mwisho kikanisa cha Sistina, ambamo makardinali hukutana kumchagua Papa. Humo ndimo alimoingia Kardinali Laurean Rugambwa wa Bukoba katika uchaguzi wa mwaka 1963.

Katika Sistina kiongozi haruhusiwi kuhutubia watu wake. Imempasa kueleza yote uani kabla ya kuingia. Basi watu huinua macho wakiwa kimya. Juu yao, mita 20 kutoka sakafuni, ziko picha alizozichora Michelangelo tangu mwaka 1508 hata 1512: Mungu akiziumba mbingu na nchi, Adamu akinyosha mkono wake, Nuhu na gharika. Mbele yao, ukutani, iko Hukumu ya Mwisho, ambayo mtu yule yule aliichora miaka mingi baadaye, tangu 1536 hata 1541. Kwa karne nyingi moshi wa mishumaa na vumbi viliziziba rangi zake, hata watu wakadhani kwamba fundi alipenda giza. Lakini zilipokwisha kusafishwa, kazi iliyoanza mwaka 1980 na kumalizika 1994, rangi zilitoka angavu kama za asubuhi.

Toka hapo vikundi vingi huenda katika kanisa la Mtakatifu Petro. Jiwe lake la msingi liliwekwa na Papa Julius II tarehe 18 Aprili 1506, na kanisa likawekwa wakfu tarehe 18 Novemba 1626. Kazi ilichukua miaka 120. Kuba lake limeinuka zaidi ya mita 130, na mtu asimamaye chini yake hujiona mdogo kama siafu. Kiongozi hutaja vipimo, na majina ya mafundi, na ya mapapa walioagiza kazi. Watu hustaajabu, na ni haki yao kustaajabu.

Lakini liko jambo moja ambalo macho hayawezi kuliona pale, hata yakitazama mchana kutwa, nalo ni bei.

Sisi twajua habari zake. Papa Leo X, aliyemfuata Julius, alitaka fedha za kujenga kanisa lile, akaruhusu hati za msamaha zitolewe katika sehemu za Ujerumani. Wakati huo huo Albrecht, kijana wa ukoo mkuu, alikuwa amepata uaskofu mkuu wa Mainz juu ya ule wa Magdeburg aliokuwa nao, naye alipaswa kulipa fedha nyingi Roma kwa ajili ya vyeo hivyo. Alikopa kwa Fugger, tajiri wa mji wa Augsburg. Basi ikapatanwa kwamba nusu ya fedha za hati iende Roma kwa ajili ya jengo, na nusu ya pili ilipe deni la Albrecht. Watu maskini walioweka fedha zao sandukuni hawakuambiwa habari hiyo ya pili. Waliambiwa habari za wazazi wao waliokufa, kwamba wanateseka toharani na kungoja msaada wa watoto wao. Mhubiri Johann Tetzel alipofika karibu na Wittenberg, waumini wa Martin Luther walivuka mpaka wakaenda kununua, wakarudi wakimwonyesha karatasi. Hapo ndipo zilipotoka zile hoja 95 za tarehe 31 Oktoba 1517. Ndani yake Luther alilitaja kanisa la Mtakatifu Petro waziwazi, akiuliza kwa nini mwenye mali nyingi hajengi kwa mali yake mwenyewe, bali kwa fedha za waumini maskini.

Lakini imetupasa kusema kweli yote. Si kila jiwe la kanisa lile lilinunuliwa kwa fedha za Tetzel. Miaka 120 ni mingi, na fedha zilitoka pengi. Tena picha za Sistina za juu zilikuwa zimekwisha kuchorwa kabla Tetzel hajafika kule. Na Kanisa la Roma lenyewe lilizikataza hati za msamaha zinazolipiwa fedha, katika mwaka 1567, wakati wa Papa Pius V. Hata hivyo neno limebaki: katika nyumba ile imo jasho ya watu waliodanganywa kwa upendo waliokuwa nao kwa wafu wao.

Basi tufanyeje? Wako watu wa namna mbili wenye majibu mepesi.

Wa kwanza husema: Fumba macho. Uzuri wa namna hiyo umetiwa unajisi; Mkristo asiusifu. Neno hili lina nguvu, lakini halifiki mwisho. Maana aliyempa Michelangelo mkono ule ni nani? Katika kitabu cha Kutoka twasoma kwamba Mungu alimjaza Bezaleli roho yake, ili awe na akili ya kufanya kazi ya dhahabu na ya mawe na ya mti. Ustadi ni kipawa, na kipawa chatoka juu, hata kama mwenye kuagiza kazi ana hatia. Luther mwenyewe hakuwa adui wa picha. Alipokuwa mafichoni Wartburg, wenziwe wa Wittenberg walianza kuondoa na kuvunja sanamu makanisani; naye mwezi wa Machi mwaka 1522 alirudi, akapanda mimbarani siku nane mfululizo, akawaonya. Aliwafundisha kwamba imani haitoki katika nyundo.

Wa pili husema: Sahau. Mambo hayo yamepita miaka 500. Waliolipa wamekufa, na waliolipwa wamekufa. Sisi na tutazame na kufurahi. Jibu hili ni baya kuliko la kwanza, kwa kuwa lajifanya ni la amani. Nabii Habakuki alisema kwamba jiwe la ukutani litalia katika nyumba iliyojengwa kwa dhuluma, wala hakuweka kikomo cha miaka. Tena tazameni hekalu la Sulemani. Mfalme alitoza watu 30,000 kazi ya lazima, akawapeleka Lebanoni kwa zamu. Nyumba ilipokwisha, Bwana hakuikataa. Utukufu wake uliijaza. Lakini deni halikufutwa kwa ajili ya uzuri. Sulemani alipokufa, watu walikuja kwa mwanawe wakinung'unikia nira ile nzito, naye alipokataa kuipunguza, ufalme ulipasuka vipande viwili. Hivyo Mungu aweza kukaa katika nyumba, na bado akamdai aliyeijenga.

Basi jibu la tatu tulitafute kwa Bwana Yesu mwenyewe, kwa kuwa naye alitembezwa katika jengo kubwa na kuonyeshwa mawe. Marko aandika kwamba alipokuwa akitoka hekaluni, mwanafunzi mmoja alimwambia atazame jinsi mawe na majengo yalivyo mazuri. Alikuwa kama kiongozi wa wageni. Lakini tusome na yaliyotangulia, maana mara nyingi twayasoma mbalimbali. Muda mfupi kabla ya hapo Bwana alikuwa amekaa kulielekea sanduku la hazina, akitazama watu wanavyotia. Akamwona mjane maskini akitia senti mbili, zilizokuwa riziki yake yote, akawaita wanafunzi wamwone. Na kabla ya hapo tena alikuwa amewaonya watu juu ya waandishi ambao hula nyumba za wajane. Wanafunzi walimwonyesha Bwana mawe. Yeye aliwaonyesha mjane.

Angalieni kwamba Bwana hakuyavunja mawe, wala hakumkataza mjane kutoa. Aliwafundisha wanafunzi wake kutazama. Mtu atazamaye kama Bwana huona vitu viwili pamoja: kazi, na mkono ulioilipia. Akiona kazi peke yake, ni kama mtoto apendaye kitu king'aacho. Akiona bei peke yake, atakosa kumshukuru Mungu aliyempa fundi ustadi wake. Akiviona vyote viwili atafanya kama Daudi. Mashujaa watatu walihatarisha maisha yao wakamletea maji ya kisima cha Bethlehemu. Hakuyanywa kana kwamba hayakugharimu kitu, wala hakuyadharau. Aliyamimina mbele za Bwana, kwa sababu aliona kwamba ni kama damu ya watu. Vivyo hivyo asimamaye chini ya kuba lile aweza kumrudishia Mungu uzuri ule kwa shukrani, na maskini wale kwa toba. Hivyo furaha yake ni halali.

Wala sisi Walutheri tusiingie Roma kama mahakimu. Katika chumba kimoja cha Raffaello, juu ya picha ya mashauri ya Sakramenti Takatifu, liko jina limekwaruzwa kwa ncha ya chuma: Luther. Hilo ni kazi ya askari wa Kaisari Karl V, ambao wengi wao walijihesabu kuwa watu wa Matengenezo. Waliingia Roma tarehe 6 Mei 1527, wakaua, wakapora, wakatesa watu. Askari 147 wa Papa kutoka Uswisi walikufa siku ile. Jina la mwalimu wetu, aliyekataza kuvunja picha, liliandikwa hivyo na watu waliokuwa na damu mikononi. Kama kanisa la Petro lina bei isiyoonekana, hata jina letu lina alama yake ukutani, na alama hiyo yaonekana mpaka leo.

Pengine kwa sababu hiyo Mungu ametupa ishara ya unyenyekevu. Tarehe 31 Oktoba 1999 wajumbe wa Walutheri na wa Kanisa la Roma walitia sahihi tamko la pamoja juu ya kuhesabiwa haki kwa neema. Walikutana Augsburg, katika kanisa la Mtakatifu Anna, ambamo limo kaburi la Jakob Fugger, tajiri yule aliyemkopesha Albrecht. Deni lile lililowatenga watu lilianzia katika mji ule, na mkono wa upatanisho ulinyoshwa katika mji ule ule.

Sasa turudi nyumbani, maana sisi nasi twajenga. Kuta zetu zapanda, mabati yang'aa, na kengele zanunuliwa. Ni vizuri, Bwana apenda mikono yenye kujenga. Lakini wazee wa kanisa na walimu na waulizane. Je, majina ya watoao kidogo husomwa mbele ya watu ili waaibike? Je, mama aliyeuza kuku wake wa mwisho ameombewa sawasawa na mwenye duka? Huko na huko husikika kwamba asiyemaliza ahadi yake hunyimwa maziko ya Kikristo, au mtoto wake hukawizwa ubatizo. Kama jambo hilo lafanyika mahali po pote, tumeanza kuuza tena kile ambacho Luther alikataa kiuzwe, na tofauti yetu na Tetzel ni kwamba jengo letu ni dogo zaidi.

Na wewe mwalimu, u kiongozi wa wageni. Filipo alipanda garini mwa yule Mwethiopia ili amweleze asiyoyafahamu. Hiyo ndiyo kazi yako. Siku ya kufungua kanisa jipya, watu watakapoinua macho kuitazama dari, usiwaambie urefu wake tu na jina la fundi. Uwaonyeshe na mjane. Uwaambie ni nani aliyebeba mchanga kichwani, na ni nani aliyetoa riziki yake. Kisha umtukuze Mungu pamoja nao, mkiwa mmefumbua macho yote mawili.