Kabla ya Yeremia 29:11 kuna aya kumi



Wapendwa vijana wenzangu, nikipitia status za WhatsApp asubuhi, aya ya Biblia ninayokutana nayo kuliko zote ni Yeremia 29:11. Mnaijua. Ile ya Mungu kutuwazia mema na kutuandalia kesho yenye tumaini. Mtu anaiweka siku ya matokeo ya fomu foo, anaiweka akiachwa na mchumba, anaiweka akisubiri simu ya kazi. Hakuna ubaya. Ila leo naomba turudi nyuma aya kumi tu, maana ile ni barua, na barua ukiisoma kuanzia katikati unaweza kudhani umeandikiwa kitu kingine kabisa.

Waliopokea barua ile walikuwa Waisraeli waliotolewa Yerusalemu kwa nguvu na kupelekwa Babeli, miaka karibu 600 kabla ya Kristo. Wamenuna. Hawataki kukaa. Na kule Yerusalemu kuna nabii anaitwa Hanania (msome sura ya 28, ni mtu wa kuvutia), anatangaza kwamba ndani ya miaka miwili kila kitu kitarudi. Watu walimpenda. Nani asingempenda?

Ndipo Yeremia anawaandikia. Na anachowaambia, jamani, kinauma. Anasema jengeni nyumba hukohuko. Limeni bustani, mle mazao yake. Oeni, oleweni, mpate watoto na wajukuu. Halafu aya ya 7: uombeeni mji huo amani, kwa sababu amani yenu imo ndani ya amani yake. Babeli! Mji wa watu waliowateka! Aya ya 10 inataja muda: miaka 70. Maana yake wengi waliosikia barua ikisomwa wangezikwa Babeli. Na hapo sasa ndipo inakuja ile aya ya 11 ya kwenye status.

Nikiitafakari barua hii namkumbuka mchezaji mmoja wa mpira, Awer Mabil. Wapenzi wa mpira mnamfahamu, ni winga wa Australia. Alizaliwa tarehe 15 Septemba 1995 katika kambi ya Kakuma, kule Turkana, kaskazini mwa Kenya. Wazazi wake walikuwa wamekimbia vita vya Sudan. Nyumba yao ilikuwa kibanda cha udongo, chakula ni cha mgao, na mpira aliojifunzia ulikuwa wa mifuko ya plastiki iliyofungwa pamoja, kama tuliochezea wengi wetu huku Hanang. Miaka kumi ya kwanza ya maisha yake yote ni kambi. Mwaka 2006 familia ilipata nafasi ya kwenda Adelaide, Australia.

Usidhani huko ndiko kulikuwa mbinguni. Yeye mwenyewe ameeleza kwamba akiwa kijana alishambuliwa na jirani, akaambiwa arudi kwao. Kwao wapi? Sudan ya wazazi wake hakuwahi kuishi. Kakuma ni kambi. Mtu anaambiwa arudi mahali ambapo hapapo.

Alicheza. Timu za vijana za mtaani, kisha Adelaide United, kisha mwaka 2015 Midtjylland ya Denmark, akapelekwa kwa mkopo huku na kule, Ureno, Uturuki. Tarehe 15 Oktoba 2018 aliichezea Australia kwa mara ya kwanza, dhidi ya Kuwait, na akafunga. Siku hiyohiyo alianza kuichezea Australia pia Thomas Deng, rafiki yake wa utotoni pale Adelaide, ambaye naye alizaliwa Kenya kwa wazazi wa Sudan Kusini. Januari 2019 akacheza Kombe la Asia, na mara baada ya mashindano yale akampoteza mdogo wake wa kike kwa ajali ya gari. Sina maneno ya kuongeza hapo. Barua ya Yeremia inasema jengeni na pandeni, haisemi kwamba hamtazika mtu huko.

Sasa sikia ya tarehe 13 Juni 2022. Qatar. Australia na Peru, mshindi anakwenda Kombe la Dunia. Dakika 120, bila bila. Penalti. Australia wanakosa ya kwanza kabisa, Peru nao wanakosa moja, mambo yanakuwa sawa, inafika penalti ya sita. Anayekwenda kupiga ni yule mtoto wa Kakuma. Anafunga. Golikipa Redmayne, aliyeingizwa dakika ya mwisho kwa ajili ya penalti tu, anaokoa ya Peru inayofuata, na nchi nzima inakwenda Kombe la Dunia. Baadaye Mabil alieleza kwamba penalti ile ilikuwa njia yake ya kusema asante kwa Australia kwa niaba ya familia yake.

Nchi ambayo ndani yake kuna yule jirani! Mimi hapo ndipo naiona aya ya 7 ikivaa jezi. Kuuombea mji amani hakumaanishi kwamba mji ulikutendea vema siku zote. Na hakumaanishi kusahau ulikotoka: tangu mwaka 2014 yeye na kaka yake wana shirika linaloitwa Barefoot to Boots, lililoanza kwa kupeleka njumu na jezi Kakuma, baadaye hata vifaa vya hospitali. Amepanda kule bila kung'oa huku.

Kwa nini nawaandikia haya kutoka Mogitu, ambako hakuna kambi wala uwanja wa Kombe la Dunia? Kwa sababu mlima wetu ulishuka. Tarehe 3 Desemba 2023, Jumapili ya kwanza ya Majilio, tope na mawe vilitoka Mlima Hanang vikaingia Katesh na vijiji vya jirani. Zaidi ya watu 80 walikufa. Waliobaki walilala madarasani, wengine wakaenda kwa ndugu, na baadaye serikali ikajenga nyumba mpya kule Waret. Kijana mmoja alikuja kukaa kwa shangazi yake jirani na kwetu. Vitu vyake vyote vilikuwa kwenye mfuko wa salfeti, na mfuko ule haukufunguliwa. Anatoa shati, anafua, anarudisha. Ukimwita kwaya: "Hapana kaka, mimi wiki ijayo naondoka." Ukimwita mpira: wiki ijayo. Wiki ijayo ikawa miezi. Baada ya Pasaka nikamkuta nyuma ya nyumba ya shangazi anapanda maharage, mistari miwili tu, na jembe la kuazima. Sikumuuliza kitu. Jioni ile alikuja uwanjani.

Najua mnaosoma hapa wengi hamjapoteza nyumba. Lakini ule mfuko wa salfeti nauona kila mahali. Dada uliyeko Arusha kazi za ndani, unasema maisha yataanza ukirudi. Kaka unayeuza mitumba Dar, hujawahi kujiandikisha jumuiya ya mtaa wako mwaka wa tatu huu kwa sababu "mimi wa kupita tu". Wa chuo unamsubiri mwenzi, wa mtaani unasubiri ajira. Na akina Hanania wa siku hizi wapo, wana vipaza sauti na namba ya kutumia sadaka, wanakuahidi kwamba mwezi huu huu mlango unafunguka. Nawaambieni kwa upendo: Yeremia aliandika barua ile kupambana na mahubiri ya namna hiyohiyo. Mungu hakuwa amebaki Yerusalemu akiwasubiri warudi. Alikuwa Babeli, anauliza bustani iko wapi.

Mtakatifu Yosefu hakuambiwa atakaa Misri muda gani. Mathayo 2:13 inasema tu akae huko mpaka atakapoambiwa. Mimi nasadiki alitafuta mbao kesho yake.

Bado kuna upande wa pili, na huu unatuhusu Watanzania zaidi. Katika barua ile, sisi mara nyingi si wale wageni. Sisi ndio mji. Yupo kijana mwingine wa Australia, Nestory Irankunda, amezaliwa Kigoma mwaka 2006, wazazi wake wakiwa wakimbizi kutoka Burundi. Alipelekwa Australia akiwa mtoto mchanga, akafika mpaka Bayern Munich. Tukisikia hivyo tunachangamka, "kumbe wa Kigoma yule!" Lakini uwanjani kwetu, mtu akivaa viatu vilivyochanika bado anaitwa mkimbizi, na tunacheka. Nchi hii mwaka 2014 ilianza kutoa vyeti vya uraia kwa Warundi zaidi ya 160,000 waliokuja mwaka 1972. Ni jambo kubwa, na nalionea fahari. Ila cheti hakimzuii mtu wa mtaani kulitumia neno lile kama tusi.

Wiki hii kwenye jumuiya au VIWAWA someni Yeremia 29:1-14 polepole, mmoja akisoma kwa sauti. Mkifika aya ya 7 nyamazeni kidogo, kisha kila mtu ataje mji au kijiji anachoishi sasa, si cha babu yake, na akiombee. Kama kati yenu yuko mgeni, mwacheni yeye aanze.