Mabaki ya Mkanda
Umeandika hadithi, ukaifungia kabatini, na sasa unangoja. Unangoja nini? Mfadhili? Barua ya kukukubali?

Jean-Pierre Grumbach, mzaliwa wa Paris wa mwaka 1917, naye aliomba kukubaliwa. Alikuwa ametoka vitani, alikopambana na Wanazi kwa siri na kujipa jina la Melville kwa kumpenda mwandishi Herman Melville. Akataka kibali cha kuwa mwongozaji msaidizi. Akanyimwa. Basi akaanzisha kampuni yake, awe mtayarishaji na mwongozaji mwenyewe!

Mwaka 1947 akaanza kupiga filamu ya Le Silence de la mer, kutoka kitabu cha mwandishi Vercors, bila haki ya kitabu na bila idhini ya chama cha wafanyakazi wa filamu. Alimwahidi Vercors kwamba filamu ikiisha ataionyesha kwanza kwa jopo la wapiganaji wa vita vile vya siri. Wakiikataa, ataichoma moto. Nani kati yetu anaiamini kazi yake kiasi hicho? Pesa hana. Ananunua mabaki ya mikanda ya filamu, aina 19 kwa kauli yake, anapiga siku moja, anasimama kutafuta hela, anarudi. Siku 27 za kazi zilitapakaa kwa miezi. Mpiga picha, Henri Decaë, hakuwa amewahi kupiga filamu ndefu.

Na tazama alichochagua: mzee na binti wa nduguye wamekaa chumbani, ofisa wa Kijerumani anaongea usiku baada ya usiku, wao hawamjibu neno. Kwa sehemu kubwa, chumba kimoja, watu watatu. Umaskini wake aliugeuza kuwa nguvu ya filamu yenyewe, na kwangu huo ndio ustadi wake mkubwa kuliko wote. Mwaka 1949 filamu ikaingia kumbini.

Baadaye alijenga studio yake mtaa wa Jenner, akaishi juu yake. Juni 1967, akiwa katikati ya kupiga filamu ya Le Samouraï, studio hiyo ikateketea pamoja na miswada yake. Oktoba mwaka uleule, Le Samouraï ilikuwa kumbini.

Kisha ikaja filamu ya L'Armée des ombres, 1969. Kitabu ilikotoka filamu hiyo alikisoma London mwaka 1943, akakibeba moyoni robo karne.

Haya, lifungue hilo kabati. Chumba kimoja unacho. Watu watatu unao.