Siku ya Kusema ni Ipi?

Usiku wa tarehe 5 Agosti 2024, Kisumu ilikuwa na habari moja tu kutoka Paris. Beatrice Chebet alikuwa ameshinda mbio za mita 5,000, na Faith Kipyegon alikuwa amenyang'anywa fedha yake, kisha akarudishiwa usiku huo huo. Kwenye kibanda nilichokuwa nakula Kondele, kila mtu alikuwa amegeuka refa. Mimi nilikuwa na simu mkononi, natazama kitu kingine kilichotokea mapema siku hiyo, katika jiji hilo hilo.

An Se-young, msichana wa Korea Kusini mwenye miaka 22, alikuwa ameshinda dhahabu ya badminton. Huku tunauita mpira wa vinyoya, na wengi wetu hatujawahi kuugusa. Niliufuatilia kwa sababu niliucheza shuleni. An alimpiga He Bingjiao wa Uchina 21-13, 21-16. Korea haikuwa imepata dhahabu ya mwanamke mmoja mmoja tangu Bang Soo-hyun alipoichukua Atlanta mwaka wa 1996. Taifa zima lilikuwa linangoja machozi na asante.

Asante haikuja vile walivyotarajia. An aliwaambia waandishi wa habari kwamba jeraha la goti lake lilikuwa baya kuliko ilivyodhaniwa mwanzoni, kwamba lilichukuliwa kwa wepesi, na kwamba timu ya taifa ilimvunja moyo. Goti hilo aliliumiza Oktoba 2023 huko Hangzhou, kwenye fainali ya Michezo ya Asia. Siku hiyo alicheza na maumivu mpaka akashinda. Dunia ikaita ule ujasiri.

Nilipoona watu wakimuita asiye na shukrani, nilifunga simu. Si kwa sababu ya Korea. Nilikuwa nimelisikia neno hilo kabla, na nilijua lilimwangukia nani.

Shuleni nilicheza mbili kwa mbili na msichana nitakayemwita Akinyi. Mimi nilikuwa mchezaji wa kawaida. Yeye ndiye aliyekuwa na mkono. Karo yake ililipwa kwa sababu ya raketi, kwao wasingeiweza. Kidato cha tatu, wiki moja kabla ya mashindano, goti lake lilivimba. Usiku nilikuwa nalikanda na maji ya moto bwenini, na nilijua jinsi lilivyokuwa. Alipomwambia mwalimu wa michezo, alijibiwa mbele yetu sote: "Umekula ugali wa shule hii miaka mitatu, leo ndio unajua una goti?"

Kisha mwalimu akanigeukia mimi. "Mwenzako ana shida kweli?"

Nikasema, "Yuko sawa, mwalimu."

Nilitaka ile safari. Sijawahi kutoka Nyanza, nilijiambia, na hili basi litaniacha. Akinyi alicheza. Seti ya pili, alipokuwa anarudi nyuma kufuata mpira wa juu, mguu ulikataa. Hakucheza tena. Muhula uliofuata karo yake haikulipwa na mtu.

Kwa hiyo swali langu si la kitabuni. Mtu akikulea, akakulisha, akakupa uwanja na viatu, je, amenunua pia ukimya wako?

Kuna methali tunayopewa tukiwa wadogo: usitukane wakunga na uzazi ungalipo. Kwa miaka mingi niliisikia kama somo la shukrani. Siku hizi naisikia tofauti. Mhenga hakusema mkunga hana makosa. Alisema tu kwamba bado utamhitaji, na usiku wa uchungu uko mikononi mwake. Hilo ni onyo la busara kwa mtu asiye na nguvu. Halitufundishi ni nani mwenye haki. Ni sisi tuliochukua woga wa mzazi mmoja tukaugeuza kuwa adabu ya kila mtu.

Nisiwaonee wasimamizi lakini. Hoja yao ina uzito. An alichukuliwa timu ya taifa akiwa bado na miaka 15, na bingwa haoti kama omena juani. Kuna makocha, madaktari, tiketi za ndege, miaka ya pesa za watu. Na siku ile haikuwa yake pekee. Kulikuwa na Wakorea wengine Paris, na An mwenyewe baadaye aliwaomba radhi wanamichezo wenzake kwa kuwa maneno yake yaliwafunika. Mtu anaweza kusema kweli na bado akamwagia mchuzi jirani asiye na kosa. Si angengoja basi?

Nimejaribu kumtafutia hiyo siku ya kungoja. Angesema kabla ya michezo, wangesema anatafuta kisingizio mapema. Angesema baada ya kushindwa, wangesema asiyejua kucheza husingizia uwanja. Amesema baada ya kushinda, wanasema ana kiburi. Ukipiga hesabu vizuri, kalenda haina siku ya kusema. Hapo ndipo naona hoja ya wakati kama mlango uliochorwa ukutani: unaambiwa ungoje ufunguliwe.

Na sisi Wakenya tunaujua ukuta huo. Mwaka wa 2016 timu yetu ilienda Rio, sare za wanamichezo zikapotelea njiani, na fujo ile ikafika mahakamani mpaka watu wakapatikana na hatia mwaka wa 2021. Lakini timu ilirudi na dhahabu 6, na dhahabu hufunika mengi. Tukipokea ndege tunashangilia medali. Hatuulizi zimepatikana vipi.

Fikiria mashua pale Dunga. Mwenye mashua hutoa chombo na nyavu, wavuvi hutoa usiku wao na migongo yao, asubuhi samaki wanagawanywa. Mvuvi akisema mashua inavuja, je, amemtukana mwenye mashua? Anaweza kumshukuru kwa chombo na bado akataka tundu lizibwe, maana yeye ndiye atakayekuwa ndani yake usiku. Mwenye mashua atalala nyumbani. Shukrani ya kweli naiona hapo: unathamini ulichopewa kiasi cha kutotaka kizame. Anayenyamaza ili asionekane mbaya anajihurumia mwenyewe. Nasema hivyo nikijua nilivyonyamaza.

Mambo yalibadilika Korea. Serikali ilichunguza chama cha badminton, na kanuni zikaanza kuulizwa, kama ile ya wachezaji kulazimishwa kutumia viatu vya mdhamini na ile ya kumtii kocha kwa kila agizo. Januari 2025 mwenyekiti wa chama alishindwa kwenye uchaguzi na Kim Dong-moon, bingwa wa zamani wa Olimpiki. An akaendelea kucheza, na mwaka huo huo akachukua tena taji la All England alilokuwa amelishinda 2023. Mkunga alisemwa, na uzazi ukaendelea.

Ningependa kumalizia hapo, ila kuna jambo linanisumbua. An alieleza kwamba alitaka kufika kileleni ili sauti yake isikike. Yaani ilimbidi kwanza awe bora duniani, goti likiwa linauma, ndipo goti hilo lihesabike kuwa goti. Ushindi wake ulithibitisha uwezo wake wa kucheza. Ukweli wa maumivu yake ulikuwepo kabla ya medali. Je, yule aliyetolewa raundi ya kwanza na mguu umevimba? Na yule ambaye hakufika hata uwanja wa ndege?

Nilienda kumwona Akinyi Kibuye Jumapili moja, anakouza nguo za watoto. Goti lake hujua mvua kabla ya mawingu kutoka ziwani. Nilimsimulia habari ya An yote, nikamwonyesha video, akaitazama bila kusema, mkono mmoja ukikunja fulana. Aliangalia zaidi miguu kuliko uso.

"Huyu alisikika," akasema. "Ana dhahabu."

Nikamwambia ilikuwa haki na yeye asikilizwe, dhahabu au bila.

"Nyaminwa, mimi nilisikika," akasema. "Mwalimu alikuuliza wewe."

Mteja akaja, akauliza bei ya sweta. Walibishana kidogo, wakapatana kwa shilingi 150. Nilibaki nimeshika simu. Nilipoomba msamaha, alinisogezea kigoda, akanipa rundo la soksi nimsaidie kutafuta jozi. Tukakaa hivyo hadi saa kumi. Hajaniambia kama amenisamehe, na sijamuuliza tena.